Hila ya Siku Mbili



Katika darsa yetu ya baada ya sala ya Isha yaliletwa masala ambayo hatukuweza kuyajibu kwa usiku mmoja, nasi twaona yapasa kuyaandika hapa. Vijana wa miji yetu ya pwani siku hizi hawaishii Mombasa. Wengi hupanda gari moshi mpaka Athi River, wakatafuta riziki Kitengela, Ngong na Kajiado, ambako nyumba zajengwa usiku na mchana na kazi ya mikono haikosekani. Mmoja wao amefanya kazi miaka 2 na zaidi katika yadi ya matofali ya saruji huko Kitengela. Kila afikapo siku ya 28 huambiwa akapumzike siku 2, kisha huandikwa upya kana kwamba hajapata kuonekana hapo. Akiugua hana kitu. Likizo haijui. Aulizapo, hujibiwa kwamba yeye ni kibarua tu.

Na mwenye yadi, jambo lituumalo khasa, ni mtu wetu. Husali safu ya mbele, na futari ya Ramadhani huitoa kwa ukarimu.

Basi tuitazame sheria kwanza. Sheria ya Ajira ya Kenya ya mwaka 2007 yamtambua kibarua kuwa ni yule alipwaye mwisho wa siku, wala hakuajiriwa kwa zaidi ya saa 24 kwa mara moja. Lakini kwa kifungu chake cha 37, akifanya kazi siku mfululizo zitimizazo mwezi 1, au kazi yenyewe ikiwa haitarajiwi kumalizika chini ya miezi 3, huhesabiwa kuwa ni mwajiriwa wa mshahara wa mwezi, haachishwi ila kwa ilani ya siku 28. Na akiendelea miezi 2 tangu alipoanza, hustahiki yale astahikiyo mwajiriwa mwingine, kama likizo ya mwaka na malipo ya siku za ugonjwa. Hata siku ya mapumziko ya juma huingia katika hesabu. Liangalieni vyema lile sharti la pili. Yadi ifyatuayo matofali mwaka baada ya mwaka, ni lini kazi yake itasemwa imemalizika?

Wala tusiwadanganye vijana. Kifungu hiki hakimpi mtu kazi ya maisha. Na aliyetia sahihi mkataba wa muda maalumu, mahakama za Kenya zimeshikilia mara nyingi kwamba mkataba huo huisha siku yake ifikapo. Ila jina la mkataba pekee halimfungi kadhi wala hakimu. Walimu waliowekwa katika sekondari msingi kwa jina la mafunzo, hali ya kuwa wamekwisha kuhitimu na kusajiliwa, walipata hukumu Aprili 2024 kwamba kuajiriwa kwao namna ile kulivunja haki zao. Na Januari 2025 wakathibitishwa kwa maelfu.

Sasa tumrudie mwenye yadi. Asema kwamba hakuvunja sheria, bali amesimama nje ya mpaka wake. Twamkumbusha khabari ya watu wa mji uliokuwa kando ya bahari, iliyotajwa katika Suratul A'raf. Nasi ni watu wa bahari, twaijua mitego. Walikatazwa kuvua siku ya Sabato, na samaki siku hiyo wakawajia juu juu. Wafasiri wametueleza kwamba walitega kabla ya Sabato, wakaenda kutwaa baada yake, wakadai kwamba siku yenyewe hawakuvua. Mwenye kuzihesabu siku 28 kwa kidole, ana tofauti gani na hao?

Wako watakaosema kwamba wanazuoni wamelegeza katika baadhi ya hila. Hila ya kujiepusha na haramu ni jambo moja. Hila ya kuangusha haki ya mtu ni jingine, wala hatumjui mwanachuoni wa kutegemewa aliyeihalalisha. Wengine wasema hii ni sheria ya serikali, si sharia ya Mwenyezi Mungu. Ajabu! Mtu huyo huyo akidhulumiwa deni lake hukimbilia mahakama ya serikali, na leseni ya yadi ameitundika ukutani.

Nabii Musa (A.S.) naye alikuwa mtu wa mkataba. Katika Suratul Qasas twasoma kwamba yule mzee wa Madyan alimwajiri kwa miaka 8, na miwili ya ziada ikaachwa katika hiari ya mfanya kazi, si ya mwenye kazi. Muda ulijulikana, ujira ulijulikana, na Mwenyezi Mungu akawekwa kuwa shahidi. Lau yule mzee angelimfukuza kila mwezi siku mbili, mkataba ule ungelikuwa wa namna gani?

Yasemwa kwamba neno kibarua limetokana na barua ndogo aliyopewa mtu wa kazi. Leo mwenye jina hilo hana hata kikaratasi. Basi ajiandikie mwenyewe, kwani dai lisipofikishwa mahakamani katika miaka 3 hupotea. Na mwajiri ashindwapo kuonyesha mkataba wa maandishi, ni juu yake kuthibitisha au kukanusha masharti yanayodaiwa.

Futari haimlipi mtu likizo yake. Haki za waja haziondoki kwa sadaka apewayo mwingine.

Kijana wetu amekwisha kununua daftari. Ameandika ndani yake kila mwezi aliofanya kazi, na zile siku mbili mbili kaziandika kwa wino mwekundu. Khabari za malipo katika simu yake hakuzifuta. Kabla ya kwenda kwa afisa wa kazi, tumewatuma wazee wawili kwa mwenye yadi. Amewapokea vizuri, akawapa kahawa, akasema atatoa jawabu baada ya Ijumaa.