Baali, El na Waaqa: Hatima ya Miungu ya Kale

Dini mpya inapoingia, mungu wa kale hupatwa na moja kati ya mambo mawili: hutambuliwa kuwa ndiye Mungu yule yule, au hugeuzwa shetani. Vibao vya udongo vilivyofukuliwa Ugarit, Syria, kuanzia mwaka 1929 vina mifano yote miwili. El, mkuu wa miungu, jina lake lilikuja kutumiwa kumwita Mungu wa Israeli. Baali, bwana wa mvua na ngurumo, alipigwa vita na manabii.

Mbali na Ugarit, katika bonde la Mto Tana nchini Kenya, Baali amejulikana kupitia vitabu viwili. Kurani inamtaja katika sura ya 37, Nabii Ilyas akiwaonya watu wake. Biblia inasimulia ushindani wa Eliya na manabii wa Baali katika Mlima Karmeli, wakati wa ukame. Kati ya wenyeji wa bonde hilo, Waorma walisilimu kwa wingi. Wapokomo wa sehemu ya chini ya mto walipelekewa Biblia na misheni za Golbanti na Ngao, karibu na Garsen, zilizoanzishwa miaka ya 1880.

Kabla ya Uislamu, Waorma, kama Waoromo wengine, walimwabudu Waaqa, Mungu wa mbinguni anayeleta mvua. Waaqa si mungu wa Wasemiti, lakini hatima yake ni ya El. Kwa kuwa alikuwa mmoja, asiye na sanamu, hakuonekana mshindani wa Mwenyezi Mungu. Baali naye alikuwa na mahekalu, makuhani na wafalme waliomtetea; kwa hiyo ilibidi aangushwe.

Sanaa ya kisasa imerithi uadui huo. Mwaka 1667 mshairi John Milton aliwaweka Moleki na Dagoni, miungu mingine ya kale, kati ya malaika walioasi. Filamu ya Metropolis, ya mwaka 1927, inaonyesha mtambo uliogeuka Moleki anayemeza wafanyakazi. Katika mchezo wa kompyuta wa Diablo II, Baali ni bwana wa maangamizi. Hata Pazuzu, jini wa filamu ya The Exorcist (1973), zamani alichongwa kwenye hirizi za kuwakinga wajawazito.

Baali wa skrini, basi, ni yule aliyesimuliwa na maadui zake. Mkulima wa Ugarit aliyemwomba mvua asingemtambua.