Gharama ya Kweli ya Nyumba Yetu

Masomo: Luka 14:28–30, Yakobo 4:13–15, Kumbukumbu la Torati 24:6

Siku tuliyohamia nyumba yetu ya Kibaha, jumuiya yote ilikuja kushukuru pamoja nasi. Mchungaji alibariki kila chumba, akina mama wakaimba mpaka jirani wakatoka nje kutazama, na baada ya chakula mgeni mmoja akatuuliza, kwa nia njema kabisa, nyumba imetugharimu kiasi gani. Tukajibu kwa furaha: shilingi milioni 75. Milioni 15 tulikuwa tumeziweka wenyewe kwa miaka mingi, na milioni 60 tulikopeshwa na benki, tulipe kwa miaka 20.

Jibu lile halikuwa kweli. Hatukukusudia kudanganya, bali hatukujua. Tunaandika haya kwa sababu tunaamini si sisi peke yetu tuliojibu hivyo, na kwa sababu swali la mgeni yule lilikuja kuwa kwetu swali la imani kabla halijawa swali la fedha.

Tulipokwenda benki, sisi wawili tuliuliza jambo moja tu: tutakatwa kiasi gani kwa mwezi? Afisa mikopo akatuambia, kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka, rejesho ni shilingi 834,754. Tukatazamana. Tukapiga hesabu ya mishahara, tukaona tunaweza, tukasaini. Mkataba ulikuwa na jedwali la mistari 240, mstari mmoja kwa kila mwezi. Hatukulisoma. Tuliliweka kabatini pamoja na vyeti vya ubatizo vya watoto.

Laiti tungelisoma, tungeona yafuatayo. Riba ya mwezi wa kwanza ni shilingi 800,000. Kwa hiyo katika rejesho letu la kwanza, shilingi 34,754 tu ndizo zilipunguza deni. Mwezi wa pili riba inahesabiwa juu ya deni lililobaki, ambalo limepungua kidogo mno, kwa hiyo riba nayo inapungua kidogo mno. Ndivyo mkopo wa aina hii unavyokwenda: rejesho ni lile lile kila mwezi, lakini miaka ya mwanzo karibu lote ni riba, na miaka ya mwisho karibu lote ni deni lenyewe. Kwa mkopo kama wetu, ni katika mwaka wa 16 ndipo sehemu inayopunguza deni inapoanza kuwa kubwa kuliko sehemu ya riba. Mtu akilipa kwa uaminifu miaka kumi kamili, atakuwa ametoa zaidi ya shilingi milioni 100, na bado atadaiwa karibu milioni 50. Akimaliza miaka 20, atakuwa amelipa kama milioni 200. Alikopa 60.

Juu ya hayo kuna ada ya kuandaa mkopo, malipo ya mthamini, gharama za kusajili rehani, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto. Hizo ni ndogo ukilinganisha na riba, lakini nazo ni fedha zilizotoka mfukoni mwetu.

Mtu anaweza kusema: basi benki imewaibia. Hapana, na tusiseme uongo hata dhidi ya benki. Kila tarakimu ilikuwa kwenye mkataba. Fedha tuliyopewa ni akiba za watu wengine, nao wanatazamia faida yao. Benki ilibeba hatari ya sisi kushindwa, na ilitupa leo nyumba ambayo vinginevyo tungeipata uzeeni, au tusiipate kabisa. Tena tungeendelea kupanga kwa shilingi 350,000 kwa mwezi, hata kama kodi isingepanda, miaka 20 ingetugharimu milioni 84 na mwisho wake tungerudisha funguo. Wenzetu wengi wamechagua njia ya tatu, ya kununua kiwanja na kujenga kidogo kidogo, mwaka huu msingi, mwaka ujao kuta. Hawalipi riba, lakini nao wanalipa kwa namna yao: kodi inaendelea huku tofali zikiota majani kiwanjani. Hakuna nyumba isiyo na gharama. Ndiyo maana Bwana Yesu hakumkataza mtu kujenga mnara. Alisema aketi kwanza ahesabu.

Kanisa limelijadili jambo la riba kwa karne nyingi. Torati iliwakataza Waisraeli kutozana riba, na waalimu wa Kanisa wa zama za kati walishikilia katazo hilo kwa ukali. Baadhi yao walisema anayetoza riba anauza muda, na muda si mali yake bali ni wa Mungu. Baadaye, katika karne ya 16, Yohane Calvin alikubali kwamba riba ya kiasi yaweza kuwa halali, mradi isimkandamize maskini na isivunje upendo. Leo wengi wetu tunaishi kwa mkabala huo wa pili, pengine bila kujua ulitoka wapi. Lakini hoja ile ya zamani kuhusu muda imetusumbua sana, kwa sababu tulipoitafakari tuliona inatugusa sisi wakopaji pia. Ikiwa mkopeshaji anauza muda usio wake, je, sisi tuliosaini miaka 20 tuliahidi muda wa nani?

Tulipata jibu katika mwaka wa nne wa mkopo, na hatukulipata kitabuni.

Mmoja wetu ni mtunza stoo katika taasisi moja. Siku moja aliletewa hati ya kupokelea mifuko 400 ya saruji. Mifuko iliyoshuka kwenye lori ilikuwa 260. Mkubwa wake akamwambia mingine itakuja, asaini tu. Kijana aliyekuwa msaidizi wake, ambaye ndio kwanza ameanza kazi na alikuwa bado anaishi kwa wazazi, alisema kwa adabu kwamba yeye hawezi kusaini kitu asichokiona. Mwenzetu alisaini. Mifuko ile 140 haikuja kamwe. Baada ya wiki mbili yule kijana alihamishiwa kituo cha mbali, na mwenzetu hakusema neno.

Usiku ule nyumbani hakula. Alipoulizwa, alieleza yote, kisha akasema, “Mama Neema, nilikuwa nakumbuka tarehe 28.” Tarehe 28 ndiyo siku ya makato. Hakuna aliyemtishia kumfukuza. Hapakuwa na haja. Deni lilikuwa limesimama pale stoo pamoja naye.

Tulikaa kimya muda mrefu. Ingekuwa rahisi kumlaumu mmoja wetu, lakini mkataba ulikuwa na saini mbili. Sheria ya nchi yetu haimruhusu mtu kuweka rehani nyumba ya familia bila ridhaa ya mwenzi wake, na ridhaa hiyo ilitolewa kwa shangwe. Tulikuwa tumekopa pamoja, na sasa tulikuwa tumenyamaza pamoja. Ndipo tukaelewa kwamba kwenye ile milioni 200 kulikuwa na gharama nyingine ambayo haikuandikwa kwenye jedwali la benki. Kijana asiye na deni aliweza kusema hapana. Sisi, wazee wa jumuiya, tulishindwa.

Kumbukumbu la Torati linakataza mtu kuchukua jiwe la kusagia kuwa rehani, kwa kuwa atakuwa amechukua uhai wa mwenzake. Kwa miaka mingi tulisoma mstari ule kama onyo kwa anayekopesha. Siku hizi tunausoma pia kama onyo kwa anayekopa. Kuna vitu mtu hana ruhusa ya kuviweka rehani, hata kama hakuna anayeviomba. Benki yetu iliomba hati ya nyumba tu. Dhamiri tuliipeleka wenyewe, siku tulipokubali rejesho lililokula karibu kila kilichobaki baada ya chakula na ada za shule, tukabaki hatuna hata mwezi mmoja wa kusimama bila mshahara.

Naye Yakobo anawaonya wanaosema kesho tutafanya hili na lile, wakati maisha yao ni mvuke uonekanao kwa kitambo. Je, anamaanisha Mkristo asisaini mkataba mrefu? Hatudhani hivyo. Ndoa ni ahadi ndefu kuliko mkopo wowote, na tunaifanya mbele ya madhabahu. Tofauti tunayoiona ni hii: katika ndoa tunaahidi uaminifu, na uaminifu unawezekana katika shibe na katika njaa. Katika mkopo tunaahidi mshahara, na mshahara si wetu kuuahidi. Kwa hiyo anayekopa kwa miaka 20 anapaswa kuacha nafasi katika hesabu yake, ili “Bwana akipenda” isiwe maneno ya mdomoni tu. Nafasi hiyo ni akiba, ni rejesho lililo dogo kuliko uwezo wake, ni nyumba yenye chumba kimoja pungufu. Sisi hatukuacha nafasi. Tulikopa kana kwamba tumeshaiona kesho.

Tulikwenda kwa mzee mmoja wa kanisa, mhasibu mstaafu. Tulimwamkia, tukamweleza habari ya stoo na habari ya mkopo, maana kwetu zilikuwa habari moja. Alisikiliza mpaka mwisho, akasema, “Wanangu, mliuliza mtalipa kiasi gani kwa mwezi. Hamkuuliza mtalipa mpaka lini.” Akatutuma benki tukaombe taarifa ya mkopo. Wakati huo tulikuwa tumetimiza miaka mitano. Tulikuwa tumelipa zaidi ya milioni 50, na deni lilikuwa limebaki milioni 56.8. Miaka mitano ya maisha yetu ilikuwa imepunguza deni kwa milioni tatu na kidogo.

Yule mzee hakutukemea. Alichukua kalamu akatuonyesha kwamba tukiongeza shilingi 100,000 juu ya kila rejesho, na benki ikikubali kuzielekeza kwenye deni lenyewe, tutamaliza miaka minne na nusu mapema, na tutaokoa zaidi ya milioni 32. Laki moja hiyo hiyo, kama tungeianza mwezi wa kwanza, ingemaliza mkopo wote kwa miaka 12 na miezi mitatu. Shilingi ya mwanzo ina nguvu kuliko shilingi ya mwisho, kwa sababu kila shilingi inayotangulia kulipa deni inazuia riba ya miaka yote iliyobaki. Hili hatukuwahi kufundishwa popote.

Tuliuliza benki kama kuna faini ya kulipa mapema, tukaandika barua, tukaanza. Chumba cha nyuma tukakipangisha. Tuliacha mpango wa vigae na uzio. Hizo laki moja tumezitoa miaka minne sasa. Miezi mingine imekuwa migumu, na miezi miwili hatukuweza kabisa. Tumeweka pia akiba ya marejesho matatu, ambayo haiguswi kwa jambo lolote isipokuwa moja: siku mmoja wetu atakapolazimika kusema hapana kazini.

Na habari ya saruji? Mwenzetu alikwenda kwa mkubwa wake akaomba hati ile irekebishwe. Haikurekebishwa. Aliandika barua ya maelezo, akaiacha kwenye faili. Alisafiri hadi kituo cha yule kijana akamwomba msamaha, naye akamsamehe, akamkaribisha ugali. Hatusemi kwamba jambo limekwisha. Mifuko 140 haijarudi, na kuna darasa mahali fulani lenye sakafu nyembamba kuliko ilivyopaswa. Tunalibeba hilo mbele za Mungu.

Wapendwa, kama mnafikiria mkopo wa nyumba, hatuwaambii msikope. Tunawaomba muulize maswali manne kabla ya kusaini. Jumla yote tutakayolipa hadi mwisho ni kiasi gani? Baada ya nusu ya muda, tutakuwa bado tunadaiwa kiasi gani? Riba yaweza kubadilika, na tukilipa mapema itakuwaje? Na la nne, ambalo benki haiwezi kulijibu: rejesho hili likikatwa, je, bado tutaweza kusema hapana tunapopaswa kusema hapana?

Kwa kanisa nalo tuna ombi. Nehemia aliposikia kwamba watu wameweka rehani mashamba na nyumba zao, hakuwaambia kila mtu na deni lake. Aliwakusanya watu wote, akalisema jambo hilo hadharani. Katika jumuiya zetu tunaombeana magonjwa na misiba, lakini deni tunalificha kama aibu. Kuna wahasibu kati yetu, kuna wanasheria, kuna waliokwisha kulipa. Jioni moja tu ya kukaa pamoja na jedwali la mistari 240 ingetusaidia sisi kuliko zawadi zote tulizopewa siku ya kuhamia.

Siku hizi mgeni akituuliza nyumba imetugharimu kiasi gani, tunamwambia kwamba bado tunalipa. Kisha, kama ana nafasi, tunamkaribisha aketi, tunatoa mkataba kabatini.