TAFAKURI YA RAMADHANI, SIKU YA 17: Barua ya Benki Usiifiche

Bismillahi Rahmani Rahim.


Leo nazungumza na mtu mmoja. Yumo humu kwenye chaneli, na anajijua. Amefunga, tarawehe haimpiti, lakini nyumba ameiweka rehani benki, miezi inapita hajalipa, na barua zikija anazitia chini ya godoro. Mke hajui. Ndugu yangu, haya ni yako.

Kwanza, dini. Riba ni haramu, hilo halina mjadala, na mlango wa toba uko wazi mwezi huu. Lakini toba haifuti deni. Hata zile aya kali za riba katika Suratul Baqara zimemwachia mkopeshaji rasilmali yake. Kwa hivyo usijipe moyo kwamba mkopo ulikuwa wa riba, basi hudaiwi kitu. Unadaiwa.

Pili, sheria. Hapa kwetu Kenya benki haiji tu asubuhi ikauza nyumba. Sheria ya Ardhi ya 2012 imeweka ngazi. Ukikaa mwezi mzima hujalipa, benki yaweza kukuandikia ilani ya kukwambia umekosa nini, unatakiwa ulipe kiasi gani, na ina lazima ikupe muda usiopungua miezi 3. Ukipita, inakuja ilani ya kuuza, siku zisizopungua 40. Kisha dalali wa mnada naye anatoa ilani yake ya siku 45. Kabla ya kuuza, nyumba ithaminiwe, na benki inatakiwa itafute bei nzuri inayopatikana. Ikiuzwa chini ya bei ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, una hoja ya kupeleka mahakamani. Na kinachobaki baada ya deni na gharama ni chako.

Mama zangu na dada zangu, nanyi sikilizeni. Nyumba mnayoishi na mume haiwekwi rehani bila ya ridhaa yako. Ukiletewa karatasi utie sahihi, uliza kwanza ni ya nini. Usitie kwa haya.

Sasa ona: muda wote huo umewekwa ili uinuke. Kila barua unayoificha inakula siku zako. Siku hazisimami kwa kuwa bahasha haijafunguliwa. Ukija kushtuka ni siku ya mnada, watu wamejaa uani, na mkeo ndiyo kwanza anasikia.

Sikiza kisa cha Ka'b bin Malik (r.a.). Alimdai Ibn Abi Hadrad deni lake ndani ya msikiti, sauti zikapanda mpaka Mtume (s.a.w.) akazisikia nyumbani kwake. Akatoka, akafunua pazia, akamwita Ka'b, akamuashiria kwa mkono apunguze nusu. Ka'b akakubali. Hapo hapo Mtume akamwambia mdaiwa ainuke alipe. Mwenye kudai kalegeza, mwenye kudaiwa kainuka. Hakuna aliyeambiwa ajifiche.

Basi kesho, inshaAllah, fanya mambo matatu. Toa barua zote, mweleze mkeo. Nenda benki mwenyewe na hesabu yako mkononi, uombe kupangiwa malipo upya. Na kama kuuza hakuepukiki, omba uuze mwenyewe kwa bei ya haki kabla ya mnada. Tatu, zipeleke hizo ilani kwa wakili azikague, maana ngazi ikirukwa, mahakama yaweza kusimamisha mnada. Lakini usiende mahakamani kununua siku tu na hali unacho cha kulipa. Mwenye uwezo akichelewesha haki ya mtu, Mtume ametufundisha kuwa hiyo ni dhulma.

Na wewe uliyejaaliwa: katika mafungu manane ya zaka, moja ni la wenye madeni. Usingoje jirani atolewe vyombo nje ndipo umpe pole. Na unayemdai mtu mwenye dhiki, aya ya 280 ya Baqara imekuamrisha umngoje mpaka apate wepesi, na ukimsamehe ni kheri zaidi kwako.

Ewe Mola, tutosheleze kwa halali Yako tusiihitaji haramu, na utulipie madeni yetu kabla hatujafa. Amin.

Saumu maqbula. Mfikishie mwenzako, huenda ni yeye.