Nyumba ya Milioni Ishirini Inagharimu Ngapi?



Likizo iliyopita nilishuka basi Kamembe usiku, mgongo ukiuma kwa kona za Nyungwe, nikapanda pikipiki hadi nyumbani Gihundwe. Kabla sijanawa mikono, baba akaniwekea karatasi mezani.

"Wewe ndiye shehe wetu siku hizi. Soma, halafu uniambie."

Zilikuwa karatasi za mkopo wa nyumba kutoka benki moja: faranga milioni 20, riba asilimia 17 kwa mwaka, miaka 15, marejesho faranga 307,801 kila mwezi. Rehani ni kiwanja chetu, kile ambacho baba alikinunua zamani na ambacho mpaka leo kimeota migomba na mahindi ya mama. Nafasi za sahihi, yake na ya mama, zilikuwa bado tupu.

Nitasema ukweli wangu. Jibu nilikuwa nalo mdomoni, na lilikuwa neno moja. Mwanafunzi wa masomo ya Kiislamu anayejiheshimu hahitaji zaidi ya hilo. Lakini baba akaniwahi: "Najua ni riba. Usinisomee hotuba. Mimi nataka kujua hiyo nyumba itanigharimu ngapi." Alikuwa amemuuliza afisa wa benki swali hilohilo, akajibiwa, "Asilimia kumi na saba, mzee."

Asilimia kumi na saba si bei. Ukienda kwa baba dukani, anauza vifaa vya ujenzi, ukamuuliza mfuko wa simenti ni kiasi gani, hakujibu kwa asilimia. Basi tukachukua simu na kalamu tukapiga hesabu mpaka isha.

Faranga 307,801 mara miezi 180 ni milioni 55 na laki nne. Nyumba ya milioni 20 analipia milioni 55. Baba hakushtuka sana hapo, alikuwa ameshahisi. Kilichomnyamazisha ni jinsi malipo yanavyogawanyika. Mwezi wa kwanza, riba ya milioni 20 peke yake ni faranga 283,333. Kwa hiyo katika zile 307,801 anazolipa, zinazopunguza deni ni 24,468 tu. Mwaka mzima wa kwanza atalipa karibu milioni 3.7, na deni litapungua kwa kama laki tatu na kumi na saba elfu. Akifika mwaka wa tano atakuwa ameshatoa milioni 18 na nusu, karibu mkopo wote, na bado atadaiwa milioni 17 na laki saba. Nusu ya deni la asili ataimaliza baada ya miaka kumi na moja na miezi minne. Baba ana miaka 54.

"Na wakiniongezea miaka iwe ishirini, si itakuwa nafuu?" akauliza. Marejesho yangeshuka hadi 293,360. Nafuu ya faranga elfu kumi na nne na kidogo kwa mwezi, na jumla ingepanda kutoka milioni 55 hadi milioni 70. Sikuamini, nikarudia hesabu mara tatu. Ni hivyo.

Rafiki yangu wa bwenini nilipomsimulia alinikumbusha mpango wa Gira Iwawe wa Benki ya Maendeleo ya Rwanda, ambao riba yake ni asilimia 11 na muda unafika miaka 20. Ni mpango uliowekwa kwa nia ya kuwasaidia watu wenye kipato cha chini na cha kati, na tofauti ya kila mwezi mtu anaiona. Ila tukiichukua milioni 20 ileile kwa masharti hayo, marejesho ni 206,438 na jumla milioni 49 na nusu. Asilimia sita zimeondoka, miaka mitano imeongezeka, na mwisho wa safari umeokoa milioni sita tu. Kwa riba hiyohiyo ya 11 lakini miaka 15, jumla ingekuwa kama milioni 41. Sisi tunatazama asilimia. Kumbe muda nao unakula.

Lazima niwe mwadilifu, maana nimeona wahubiri wetu wakizitaja jumla hizi kama silaha bila kueleza lililo upande wa pili. Faranga ya leo si faranga ya mwaka 2040. Bei zikipanda kwa asilimia 5 kwa mwaka, kiwango ambacho Benki Kuu ya Rwanda ndicho inachokilenga, malipo yote yale ya milioni 55 yana thamani ya kama milioni 39 kwa pesa za leo. Ni karibu mara mbili ya mkopo, si mara tatu. Na mama, aliyekuwa kimya muda wote akichambua maharage, akasema neno zito kuliko hesabu zangu: "Kodi nayo hairudi." Tunapanga kwa faranga 60,000. Kwa miaka 15, hata mwenye nyumba asipoipandisha, ni milioni 10 na laki nane, na mwishoni hatuna hata tofali moja. Mama ameshahama nyumba nne tangu nizaliwe. Kwake yeye jambo hili halianzii kwenye jedwali.

Hapa ndipo mambo ya darasani yakaanza kunisumbua.

Tunapenda kusema riba imeharamishwa kwa sababu ni ghali, inanyonya. Hesabu ile ya usiku inasaidia sana kusema hivyo. Lakini waliosoma usul al-fiqh pamoja nami wanajua tofauti ya hikma na illa. Hikma ni faida tunayoiona nyuma ya hukumu; illa ndiyo hukumu inayoifuata. Kama illa ingekuwa ughali, basi mkopo wa asilimia 2 ungekuwa halali, na mfanyabiashara anayeuza kwa faida mara mbili angekuwa mla riba. Sivyo. Aya za mwisho wa Suratul Baqara zinampa mkopeshaji haki ya rasilimali yake tu, bila kuzidisha wala kupunguziwa. (Neno letu rasilimali lenyewe ni lile la Kiarabu, ra's al-mal, kichwa cha mali. Tunalitaja kila siku katika habari za uchumi bila kukumbuka lilikotoka.) Majmaa ya Fiqhi ya Kiislamu ya Jeddah mwaka 1985 iliamua kuwa nyongeza ya benki juu ya deni ni riba, na haikuuliza kwanza ni asilimia ngapi.

Rehani nayo si kosa. Mtume (s.a.w.) aliweka deraya yake rehani kwa Myahudi wa Madina ili apate shayiri. Deni pia si dhambi, ingawa ni mzigo: aliletewa jeneza la mtu mwenye deni akawaambia masahaba wamswalie wao, mpaka Abu Qatada alipojitolea kulilipa. Nikiyaweka haya pamoja na umri wa baba na miaka 15, naona kwa nini hadithi hiyo haikuhusu masikini peke yao.

Basi kama hesabu si illa, nilipoteza muda? Nimelifikiria hili tangu niliporudi chuoni, na nadhani sikupoteza. Qur'ani inataka biashara iwe kwa kuridhiana. Na kuridhia kitu ambacho hukijui ni kuridhia nini? Baba alikuwa amebakiza sahihi tu, na alichokuwa anakijua ni marejesho ya mwezi. Fiqhi ya mauzo hairuhusu hivyo: bei isiyojulikana huharibu mkataba. Katika murabaha muuzaji analazimika hata kutaja alinunua kwa kiasi gani na anaongeza faida kiasi gani, ndiyo maana wanazuoni waliihesabu katika mauzo ya amana. Benki za Kiislamu za jirani zetu, kama Amana Bank ya Tanzania iliyoanza mwaka 2011 au Gulf African Bank ya Kenya iliyoanza 2008, zikiuza kwa murabaha zinapaswa kuandika bei nzima siku ya kwanza, na bei hiyo haipandi hata mnunuzi akichelewa.

Kuna swali ambalo kila mwaka mtu huliuliza katika darsa zetu za Ijumaa: kama benki ya Kiislamu nayo inaishia milioni 55, tofauti iko wapi? Mara nyingi tunamjibu kwa hasira. Mimi sioni kama ni swali la utovu wa imani. Inawezekana kabisa jumla ikalingana, na pale ambapo benki haimiliki kitu chochote hata kwa dakika moja, ni karatasi zimebadilishwa jina, na muulizaji ana haki ya kutilia shaka. Tofauti ya kweli inaonekana siku ya msiba.

Sisi wa Rusizi hatuhitaji mifano ya mbali. Jumapili ya tarehe 3 Februari 2008 ardhi ilitetemeka huku na ng'ambo Bukavu, watu wakafa, nyumba zikaanguka. Nilikuwa mdogo, ninachokumbuka ni kulala nje chini ya shuka la bibi. Nyumba ikianguka, mkopo hauanguki. Aliyekopesha kwa riba faida yake imekaa palepale. Kanuni ya al-kharaj bi-dhamani inasema anayevuna faida ndiye abebe hasara ya kile kitu. Katika musharaka inayopungua, benki na mnunuzi wanamiliki nyumba pamoja, mnunuzi akinunua hisa za mwenzake kidogo kidogo, na ufa ukipasua ukuta umepasua mali ya wote wawili. Hapo hata jumla zikilingana, mikataba hailingani.

Ila Kamembe baba hakuwa na dirisha la namna hiyo la kugonga. Wenzetu wengine hukimbilia fatwa ya Baraza la Ulaya la Fatwa na Utafiti ya mwaka 1999, iliyowaruhusu Waislamu wa huko kuchukua mkopo wa nyumba kwa sababu ya haja, na kusema sisi pia ni wachache nchini mwetu. Nimeisoma. Iliweka masharti: nyumba iwe ya kukaa yeye na familia yake, asiwe na nyingine, na asiwe na njia nyingine ya kuipata. Wapo wanazuoni walioikataa kabisa. Mimi si mufti, na mwalimu mwenye watoto watano anayefukuzwa kila mwaka kwenye nyumba za kupanga sitamsimamia mlangoni na kitabu. Nilimtazama baba tu, na sharti la mwisho: hana njia nyingine?

Tukarudi kwenye karatasi. Kama anaweza kuipa benki 307,801 kila mwezi, basi akitoa kodi ya 60,000 anabaki na 247,801. Kwa mwendo huo milioni 20 zinapatikana kwa miaka sita na miezi tisa. Tukitia kupanda kwa bei kwa asilimia 5, ni miaka minane na kidogo. Baba akacheka. Wateja wake karibu wote hujenga hivyo hivyo: leo mawe, mwezi ujao mchanga, ikimina kikifika zamu yake mabati. Amewauzia watu msingi mwaka huu na misumari ya paa mwaka wa sita. "Na mimi nikaona aibu kujenga kama wao," alisema.

Kisha akafanya jambo ambalo sikulitarajia. Akaenda chumbani akaleta daftari ya madeni ya duka. Kuna majina humo ya tangu Machi 2020, mpaka ulipofungwa na watu wanaoishi kwa kuvuka kwenda Bukavu wakakaa bila kazi. Walikuwa wamechukua simenti. Wengine wamelipa kidogo kidogo, wengine bado. Nikamuuliza amewaongezea kiasi gani kwa kuchelewa. Akaniangalia kama niliyemtukana. "Niwaongezee kwa nini? Mpaka niliufunga mimi?"

Nimehifadhi aya inayomtaka anayedai amngoje mwenye dhiki mpaka mambo yake yafunguke, na ninaweza kuwatajia nambari yake na tafsiri zake tatu. Baba hajui nambari yake. Nilimuuliza kama anadhani benki ingemngoja vile yeye alivyowangoja hawa. Hakujibu. Alipekua kurasa mbili tatu, akatia zile karatasi za mkopo katikati ya daftari, akaifunga.

Mama ndiye aliyebaki na la kusema. Hakukubali wala hakukataa. Alitaka kujua miaka minane na kidogo ni ngapi hasa, kwa sababu "kidogo" ya baba anaijua. Wakapatana tisa. Akachukua kalenda ya duka ukutani, akaigeuza, akaandika nyuma yake tarehe, akawaita wadogo zangu waje waione.

Wiki hii dada yangu amenitumia picha. Lori la kwanza la mawe limemwagwa kiwanjani, juu ya mahindi ya mama, na mama yuko pembeni ameshika kiuno.