Nani Mkosaji: Tumbili au Mwenye Nyumba?

Katika vijiji vyetu vya Ugogo, na hata pembezoni mwa Jiji la Dodoma, si ajabu kumkuta tumbili amefungwa kamba kiunoni chini ya mti wa uani. Watoto wa nyumba hiyo humpenda sana. Mama yao, ukimwuliza, atakuhesabia hasara: mayai yaliyovunjwa, unga uliomwagwa, kijiko kilichopandishwa juu ya bati na hata leo hakijashuka. Wote husema, "Mtundu huyu!" Ndugu wasomaji, tumependa kuuliza kama neno hilo ni la haki.

Kwanza tutazame alikotoka. Tumbili hanunuliwi mnadani kama mbuzi. Mvua zikianza kunyesha mwezi wa Desemba watu hupanda uwele, mtama na karanga, na tangu hapo ni vita. Mkulima hulinda shamba kwa mbwa, kombeo na rungu, wala hatumlaumu, maana njaa katika nchi yetu hii kame si hadithi. Basi siku moja jike hupigwa akafa, na kifuani pake hukutwa kitoto kimeng'ang'ania manyoya, hakitaki kuachia. Mtoto wa mkulima hukichukua, hukipa maziwa, hulala nacho. Jambo hili lafaa kutafakariwa. Nyumba moja, siku moja, imemwua mama na kumlea mwana. Tena baba na mtoto, kila mmoja aona ametenda vema. Kwa maoni yetu hoja ya baba ni nyepesi kuelewa: analinda chakula. Mtoto ametenda kwa huruma, nayo huruma ni njema, lakini amejitwika deni la miaka mingi asilolijua. Tumbili akitunzwa aweza kufikia hata miaka 30. Binti yule ataolewa Mpwapwa, au kijana yule atakwenda kutafuta kazi Dar es Salaam, na mnyama angali kwenye kamba.

Sasa huo utundu. Mwizi ni yule ajuaye ya kwamba kitu ni cha mwenziwe. Tumbili ajua nini? Porini tunda ni la awahiye, na kila kitu kigeni hufunguliwa kutazama kama ndani mna chakula; asiyefanya hivyo kiangazi humshinda. Akifunua sufuria jikoni anafanya kazi yake ya siku zote, tena kwa bidii ambayo sisi walimu tungefurahi kuiona darasani. Tuliwahi kupakana na nyumba ya mwalimu aliyefuga tumbili. Siku moja mnyama alilichana daftari la maandalio ya masomo, ukurasa kwa ukurasa, akiutazama kila mmoja kana kwamba anasahihisha. Bwana yule alimchapa fimbo. Kesho yake akachana jingine, ila safari hii alikuwa juu ya mti, fimbo isikofika. Alikuwa amejifunza, lakini si somo alilofundishwa.

Mayai na madaftari ni madogo. Kubwa ni kuuma. Tumbili huishi kwa madaraja. Jike hubaki maisha yake yote katika kundi la mama yake, naye hukaa katika cheo kilicho karibu na cha mama huyo. Dume akipata miaka 5 hivi huondoka kwenda kutafuta kundi jingine. Nyumbani mwa watu dume huyo hana pa kwenda. Huanza kupima nani mkubwa na nani mdogo, na huanza na aliye mdogo kuliko wote, yaani mtoto wa miaka mitatu mwenye kipande cha muhogo mkononi. Chonge zake ni ndefu, na jeraha lake laweza kuleta kichaa cha mbwa. Lioshwe mara moja kwa sabuni na maji mengi, na mtoto apelekwe hospitali siku hiyo hiyo. Hapo neno "mtundu" hugeuka kuwa "mbaya". Yule aliyeokoka rungu la shambani huuawa kwa rungu la uani, kwa kosa la kukua.

Wengine husema, afunguliwe arudi porini. Yaonekana ni huruma, lakini porini nako kuna shule. Huko Amboseli, Kenya, watafiti Dorothy Cheney na Robert Seyfarth walianza mwaka 1977 kuwachunguza tumbili, wakanasa milio yao na kuwapigia tena kwa kipaza sauti. Wakisikia mlio wa chui walikimbilia mitini. Kwa mlio wa tai walitazama juu na kuingia vichakani. Kwa mlio wa nyoka walisimama kwa miguu ya nyuma, wakikagua majani. Watoto wao hukosea, hulia mlio wa tai hata kwa ndege asiye na madhara, na huendelea kusahihika miongoni mwa wakubwa wao. Aliyelelewa kwa ugali hakusoma huko, wala hana mama wa kumkingia makundi yanapomfukuza. Ataishia jikoni kwa jirani, maana watu ndio anaowajua.

Edward Steere, aliyekuja kuwa Askofu wa Unguja, alichapisha mwaka 1870 hadithi za Waswahili, na mojawapo ni ya kima aliyemdanganya papa kwamba kima wote huacha mioyo yao mitini. Twadhani aliyeitunga aliwahi kukaa na kima nyumbani.

Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori ya mwaka 2009 nayo hudai kibali kwa anayetaka kumfuga mnyama wa porini. Wengi hawalijui hilo. Kitoto kikiokotwa, aitwe bwana nyama, yaani afisa wanyamapori, siku za kwanza, kabla watoto hawajakipa jina. Baada ya jina machozi ni mengi. Kwa yule aliyekwisha kuzeeka kwenye kamba, taarifa itolewe vilevile, naye asiuawe kimyakimya usiku. Wakati wa kungoja apewe kivuli, maji, na tawi la kupanda, mbali na watoto wadogo. Na kamba ya kiunoni ilegezwe kila baada ya miezi michache, kwa kuwa mnyama hukua na kamba haikui. Tumewahi kuona ngozi imeota juu ya kamba.