Amri Iliyokwisha Kutolewa

Mtu wa Ngara au Biharamulo akirudi mahakamani na ombi lililokwisha kujibiwa, huonekana msumbufu. Sheria haimwungi mkono. Kifungu cha 9 cha Sheria ya Mwenendo wa Madai kinakataza kusikiliza upya jambo lililoamuliwa baina ya wadaawa wale wale, na Kanuni za Mahakama ya Rufani za 2009 zinaruhusu mapitio mara moja tu. Bila makatazo hayo, jirani mwenye nauli ya kwenda mahakamani Bukoba kila mwezi angemchosha asiye nayo mpaka amwachie shamba. Hilo silibishii.

Ninachouliza ni hiki: jambo huwa limekwisha lini?

Tuchukue kesi ya kubuni, ingawa si ngeni. Baraza la Ardhi na Nyumba limetamka kwamba mpaka ni pale penye mti wa zamani wa mlamula, na mvamizi aondoke. Misimu inapita, mvamizi bado anakata ndizi upande usio wake. Aliyeshinda kesi anaandika: naomba aondolewe. Anajibiwa kwamba hilo lilishaamuliwa. Kweli, liliamuliwa, na ndizi zinaendelea kukatwa. Alipaswa kuomba kukazia hukumu, dalali wa mahakama aende shambani. Sheria inampa miaka 12 kufanya hivyo. Ila hakuna aliyemweleza, na nakala ya hukumu aliyoifunga kwenye mfuko wa nailoni ameitunza kana kwamba ndiyo shamba lenyewe. Kule masijala, yeye na yule aliyeshindwa asiyekubali kushindwa hawatofautiani: jalada lile lile, maneno yale yale. Kumbe mmoja anaipinga amri, mwingine anaidai.

Jambo hili limefika mbali zaidi ya migomba. Novemba 2019, Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, Arusha, iliamua kwamba adhabu ya kifo isiyomwachia jaji hiari, iliyomo katika kifungu cha 197 cha Kanuni ya Adhabu, inakiuka haki ya kuishi, ikaiagiza Tanzania iiondoe ndani ya mwaka mmoja. (Mwezi huo huo serikali ilitoa taarifa ya kuwafungia watu binafsi njia ya kwenda huko moja kwa moja.) Mwaka ukaisha, kifungu kikabaki. Wafungwa wengine, ambao maombi yao yalikuwa yamekwisha kufunguliwa kabla njia hiyo haijafungwa, walitaka nafuu hiyo hiyo, na mahakama ikaandika amri hiyo hiyo tena, na tena. Wadaawa hawakuwa wale wale, hivyo hakuna aliyevunja kanuni.

Nani basi anayerudiarudia? Tumezoea kumnyooshea kidole mwombaji kwa kuwa karatasi ina jina lake. Mimi naona aliyeamriwa akanyamaza ndiye anayeifungua kesi upya kila kukicha, tena bila kulipa ada. Ukomo wa mashauri ni deni lake pia. Mahakama inaweza kumfukuza mwombaji kihalali kabisa, lakini kabla ya kumwambia ameshajibiwa, ingemuuliza kama alichopewa kimemfikia.