Hiari Yashinda Utumwa



Wazee wetu walituachia mithali fupi: Hiari yashinda utumwa. Kwa kawaida twaitumia tukitaka kusema kwamba kazi ifanywayo kwa moyo yapita kazi ifanywayo kwa fimbo. Ni kweli. Lakini kwa Mkristu mithali hii ina maana kubwa zaidi, nayo ndiyo tunayotaka kuieleza juma hili. Maana twasikia watu wengi, hata waliobatizwa, wakisema maneno ambayo kwayo waikana hiari yao wenyewe.

Mtu auza pamba yake, na kabla ya kufika nyumbani amekwisha maliza nusu ya fedha kilabuni. Mkewe amwuliza daftari za watoto zitatoka wapi, naye ajibu: "Shetani alinipitia." Mwingine ampiga mkewe, halafu asema: "Ndivyo nilivyoumbwa, ukoo wetu una hasira." Kijana ampa msichana mimba na kumkimbia; akiulizwa, asema ilikwisha andikwa. Tazameni: katika majibu hayo yumo shetani, umo ukoo, imo bahati, lakini yule aliyenyosha mkono wake mwenyewe hayumo.

Imani yetu yafundisha vingine. Mungu alipomwumba mtu alimpa akili ya kujua na utashi wa kuchagua. Kitabu cha Yoshua bin Sira, sura ya 15, chawaonya watu wasimtwishe Mungu dhambi zao. Chafundisha kwamba mtu amewekewa moto na maji, naye atanyosha mkono kwa kile akitakacho. Mtakatifu Tomaso wa Akwino, mwalimu mkuu wa karne ya 13, alitoa sababu ambayo hata asiye Mkristu aweza kuielewa: kama mtu hana hiari, basi mashauri, maonyo, amri, makatazo, thawabu na adhabu ni bure kabisa. Kondoo amwonapo mbwamwitu hukimbia pasipo kufanya shauri. Mtu hupima, hulinganisha, kisha huamua. Na kweli, yule asemaye kwamba hakuna mwenye hiari, mwibie kuku wake uone kama hatakulaumu!

Lakini wako wanaouliza: "Mungu ajua yote tangu milele. Kama alijua kwamba leo nitatenda dhambi, ningewezaje kuacha?" Swali hili ni la zamani. Boethius, Mroma msomi, aliliandikia gerezani huko Pavia, nchini Italia, yapata mwaka 524, akingoja kuuawa. Jibu lake ni hili: kwa Mungu hakuna jana wala kesho, yote ayaona kwa mara moja, kama sisi tunavyoyaona yaliyo mbele ya macho yetu sasa. Nawe ukimwona mtu akitembea, kuona kwako hakumsukumi kutembea. Aliye juu ya kilima awaona wapitaji wote wa njia, wa mbele na wa nyuma. Yule aliye njiani amwona jirani yake tu. Wa kilimani aona, wala hakuwashika miguu. Basi Mungu ajua tutakalochagua. Lakini wachaguao ni sisi.

Wengine huleta hoja ya sayansi. Mwaka 1983 mtaalamu Mmarekani, Benjamin Libet, alieleza majaribio ambamo watu waliombwa kukunja kiganja wakati wowote waupendao. Aliona kwamba ubongo ulianza kujitayarisha kama theluthi moja ya sekunde kabla mtu hajatambua kwamba anataka. Basi wako waliopiga mbio kusema kwamba hiari ni ndoto. Hata hivyo Libet mwenyewe alishikilia kwamba mtu bado aweza kuzuia tendo lililoanza kutayarishwa. Tena mwaka 2012 Aaron Schurger na wenzake walionyesha kwamba dalili ile ya ubongo yaweza kuelezwa vingine, kama kupanda na kushuka kwa kawaida kwa nguvu za ubongo, wala si uamuzi uliofichika. Nasi twauliza kwa unyenyekevu: je, kukunja kiganja bila sababu yoyote ndiko kuchagua? Mama aamuaye kumsamehe jirani yake, baada ya kuwaza na kusali mwezi mzima, atapimwa kwa theluthi ya sekunde?

Hoja ya tatu ndiyo nzito, nasi hatuipuuzi. Ni ya yule asemaye: "Nataka kuacha, lakini siwezi." Mtakatifu Augustino, aliyezaliwa mwaka 354 huko Thagaste, katika nchi iitwayo leo Algeria, aliijua sana. Katika Maungamo yake aeleza jinsi utashi uliopotoka unavyozaa tamaa, tamaa ikitumikiwa huwa mazoea, na mazoea yasipopingwa huwa kama lazima. Hivyo pingu hufuliwa pete kwa pete, na mfua chuma ni mfungwa mwenyewe. Ndiyo sababu Kanisa halimhukumu mtu pasipo kupima. Katekisimu ya mwaka 1992, katika namba 1735, yafundisha kwamba ujinga, shuruti, hofu na mazoea vyaweza kupunguza lawama ya mtu, hata pengine kuiondoa.

Basi je, aliyefungwa na pombe amekwisha? La, hasha! Mtaguso wa Trento, tarehe 13 Januari 1547, ulifundisha kwamba dhambi ya asili iliudhoofisha uhuru wetu, lakini haikuuzima. Ulifundisha pia kwamba bila neema hatuwezi kujipatanisha na Mungu, na kwamba neema ikitugusa twaweza kuikubali au kuikataa. Mlevi huenda asiweze leo kuizima kiu yake. Lakini aweza kupita njia nyingine isiyo na kilabu. Aweza kumkabidhi mkewe fedha siku ile ile ya malipo. Aweza kwenda kwa padre, na kwenda kwa mganga hospitalini. Hiari iliyobaki ni ndogo, lakini ni yake; naye Mungu huanza na hiyo hiyo ndogo.

Tukitaka kuona jinsi hiari ishindavyo utumwa, tumtazame mwana wa Afrika, Mtakatifu Yosefina Bakhita. Alizaliwa Darfur, Sudan, yapata mwaka 1869. Akiwa bado mtoto alitekwa nyara na wafanya biashara ya watumwa, akaingiwa na hofu hata akasahau jina alilopewa na wazazi wake. Watekaji wakamwita Bakhita, jina lenye maana ya mwenye bahati, la asili moja na neno letu "bahati". Jina la dhihaka kweli! Aliuzwa na kuuzwa tena. Mwilini mwake zilichanjwa chale zaidi ya 100, zikatiwa chumvi. Hatimaye konsuli wa Italia alimnunua huko Khartoum, naye akafika Italia mwaka 1885, akawa yaya wa mtoto katika nyumba ya familia moja.

Bibi wa nyumba ile alipotaka kumrudisha Afrika, Bakhita alikuwa akijifunza dini kwa Masista wa Kanosa mjini Venice. Akakataa kuondoka. Alimpenda bibi yule, alimpenda na mtoto aliyemlea, na kuachana nao kulimwumiza, lakini alikataa. Shauri likafika mbele ya wakuu wa Serikali na wa Kanisa. Tarehe 29 Novemba 1889 ikatangazwa kwamba yeye si mtumwa, kwa kuwa sheria ya Italia haikuutambua utumwa. Alikuwa na umri wa miaka kama 20. Akachagua kubaki. Tarehe 9 Januari 1890 akabatizwa. Mwaka 1896 akaweka nadhiri za kitawa. Akafa huko Schio tarehe 8 Februari 1947. Mwaka 2000 Papa Yohane Paulo II alimtangaza kuwa Mtakatifu.

Nani aliyekuwa na haki kuliko yeye ya kusema, "Ndivyo nilivyoandikiwa"? Walimnyang'anya wazazi, kwao, hata na jina. Wala hakuyachagua aliyotendewa, na ole wao waliomtenda! Lakini mlipofunguka mlango, hata kwa ufa, aliupitia kwa miguu yake mwenyewe. Aliungama hata kwamba angewakuta wale waliomteka angepiga magoti na kuibusu mikono yao, kwa kuwa katika njia ile ya mateso alimfahamu Kristu. Msamaha wa namna hiyo hauwezi kutolewa kwa kuamriwa.

Basi ninyi wazazi, yatafakarini haya nyumbani mwenu. Mtoto afanyaye mema kwa kuogopa fimbo tu, fimbo ikiondoka na mema huondoka. Mpeni amri, ndiyo; lakini mwelezeni sababu, na mzoezeni kuchagua katika mambo madogo, ili ayaweze makubwa. Akikosa, asiruhusiwe kumsingizia ndugu yake wala shetani, aseme, "Nimekosa mimi."

Na binti akichumbiwa, asilazimishwe. Kanisa lafundisha kwamba ridhaa ya wenyewe ndiyo ifanyayo ndoa, wala hakuna awezaye kuitoa kwa niaba yao. Na ridhaa iliyotolewa kwa nguvu au kwa hofu kubwa ya kutishwa haifungi ndoa. Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971 nayo yadai ridhaa ya hiari. Mwenyezi Mungu alipotaka Mwanae azaliwe, alimtuma Malaika kwa binti wa Nazareti, na akangoja jibu lake. Ikiwa Muumba alibisha hodi, baba gani huyo aingiaye bila hodi katika moyo wa binti yake kwa ajili ya ng'ombe?

Tumalizie kwa jambo moja, ambalo twaomba lisisahauliwe. Asemaye, "Sikuweza kufanya vingine," afikiri amejiokoa na lawama. Kumbe amejifungia mlango wa kurudi. Maana kama dhambi si yake, toba nayo si yake, na maondoleo hayamhusu. Mwana mpotevu hakusema kwamba njaa wala rafiki wabaya ndio waliomkosea baba. Aliondoka kule kwa nguruwe akiwa amekwisha kata shauri, njia nzima akiyashika maneno ya kuungama. Ndiyo sababu nasi mwanzoni mwa Misa twajipiga kifua chetu wenyewe, wala hatukipigi kifua cha jirani. Mkono ule ule ulionyoshwa kwenye moto waweza bado kunyoshwa kwenye maji. Tuunyoshe leo, kabla haujachoka.